Kwa Nini Mwanangu Anaitwa Budok

Mheshimiwa Mwenyekiti wa umoja wetu, Mzee Muhiddin, Baba Paroko, Padri Sunil, ambaye Kiswahili hakijui lakini amekaa nasi tangu saa nane mchana bila kuitazama saa yake, wazee wangu, akina mama wa jumuiya ya Tottenham, ndugu zetu mliotoka Stratford, na mliotoka mbali zaidi hadi Stanmore, mkaacha shughuli zenu za Jumamosi, mgeni wetu wa heshima, Mama Soazig, uliyevuka bahari kuja kuketi kwenye kiti hicho cha mbele, na wewe mume wangu Deus, unayenitazama kana kwamba nitaanguka: nawasalimu nyote kwa heshima zenu.

Kamati imenipa nafasi ya kumuaga mwanangu kwa niaba ya wazazi. Nilikubali haraka, kwa sababu nilidhani mtu akiisema hofu yake mbele ya watu inapungua. Sasa nimesimama, na sioni kilichopungua. Mtanivumilia.

Keshokutwa, Jumatatu, Budok anaripoti kwenye meli ya mizigo katika bandari ya Southampton. Anakwenda kujifunza unahodha, na safari yake ya kwanza itakuwa ya miezi minne. Mlipoingia leo, kila mmoja alimpa mkono akamwita kwa namna yake: Budoki, Budo, Buduki, na rafiki yetu mmoja wa Nairobi anamwita Budaa, yaani mzee, tangu akiwa mtoto wa kutambaa. Na karibu nyote, kwa miaka yote hii, mmeniuliza swali lile lile. Placida, wewe Mhaya, mumeo Mhaya, jina hili mmelitoa wapi? Nimekuwa nikijibu kwa kifupi kwamba ni jina la Brittany, ule upande wa Ufaransa unaoingia baharini, na kwamba hata huko wenye jina hilo ni wachache. Leo naomba nijibu kwa kirefu, kwa sababu mwenye jina bado yupo humu ukumbini, na ningependa alisikie kutoka kwangu mbele yenu.

Lazima nianze na kaka yangu.

Mwaka wa tisini na sita nilimsindikiza kaka yangu Samson bandarini Bukoba. Alikuwa anakwenda Mwanza kuanza chuo cha ualimu. Nilimbebea begi hadi kwenye ngazi, nikamtania kidogo kuhusu viatu vyake vipya, akapanda. Wahaya mliomo humu hamhitaji niitaje ile meli iliyozama, na wengine mmeshasikia. Hatukupata cha kuzika. Mama yangu mzazi aliacha kula samaki, nami nikajiapiza kwamba mguu wangu hautakanyaga chombo cha majini tena. Nilipohamia hapa London, nikapata kazi ya kuwahudumia wazee huko Woolwich, nilikuwa naamka mapema kuliko wenzangu ili nizunguke kwa mabasi, nisipande kile kivuko chao cha bure ambacho safari yake haimalizi hata kikombe cha chai.

Sasa mtu aliyeapa hivyo, alifikaje kujifungulia kwenye meli?

Mimi na Deus tulikuwa tumepoteza mimba mbili. Ya tatu ilipofika mwezi wa saba, dada Elinaja, yule pale aliyekaa karibu na Mama Soazig akimtafsiria, aliniambia kwamba parokia inakwenda hija Lourdes kwa basi, na kwamba basi litapita kwenye handaki chini ya bahari, kwenda na kurudi. Daktari aliniruhusu. Deus hakupata likizo, nikaenda bila yeye. Kwenda, tulipita handakini kama tulivyoahidiwa. Kurudi, tulipitia Brittany kusali kwa Mtakatifu Ana, na asubuhi yake dereva akatutangazia kwamba madereva wa malori wamefunga barabara ya kuelekea handakini kwa mgomo, na kwamba tutavuka kwa meli kutoka Saint-Malo.

Nilikaa kwenye benchi la bandari nikakataa kunyanyuka. Wenzangu walinibembeleza, Elinaja akanikasirikia, mwishowe nikampigia Deus.

"Waende," nilimwambia. "Mimi nitatafuta treni."

"Treni ya wapi, Placida? Una tumbo kubwa, na Kifaransa hujui."

"Deus, ni meli."

Alimfahamu Samson, walisoma darasa moja. Kisha akasema, "Najua ni meli. Kaa katikati, usiangalie dirishani. Mshike Elinaja mkono. Mimi nitakungoja kituo cha basi cha Victoria."

Nikapanda. Nilikaa katikati kama alivyoniambia, nimefumba macho, na kwa muda nilijidanganya kuwa niko kwenye treni. Kisha upepo ukaongezeka, sakafu ikaanza kuinuka na kushuka, vikombe vikawa vinateleza mezani, nami nikasikia maumivu ambayo nilijua si ya tumbo la safari. Nilimwambia Elinaja, "Dada, maji yangu yametoka." Alinitazama usoni, akatazama chini, akaondoka mbio.

Walitangaza kwenye vipaza sauti, kwa Kifaransa na kwa Kiingereza, kama kuna daktari au mkunga ajitokeze. Nahodha aliita helikopta, akaambiwa itakuja, lakini si mara moja. Hakuna aliyejitokeza. Walitangaza tena. Ndipo mlango wa kile chumba kidogo walimonilaza ukafunguliwa, akaingia mama mmoja wa makamo mwenye nywele fupi, miwani ikining'inia kifuani, uso umemkauka kwa wasiwasi kuliko hata wangu.

"Mimi ni nesi," alisema kwa Kiingereza cha kukatakata. "Lakini ni nesi wa macho. Kuzalisha nilifundishwa zamani sana, shuleni."

Elinaja akamwambia, "Mama, hapa hatuchagui. Aliyekuja ni wewe."

Ndugu wageni waalikwa, mama huyo ndiye huyu. Mmemwona akiingia na fimbo yake, na wengine mmeniuliza kwa kunong'ona kama ni mwajiri wangu. Nataka mjue kwamba siku ile aliogopa. Aliniambia yeye mwenyewe baadaye kwamba alilisikia tangazo la kwanza, akabaki kimya kwenye kiti chake, akiomba ainuke mtu mwingine. La pili aliposikia hakuna aliyeinuka, miguu ikamnyanyua. Watu wengi wangebaki wamekaa, na nisingewalaumu. Je, ni wangapi kati yetu tungeinuka, tukijua kuwa hatujui vya kutosha?

Mtoto alitoka upesi, kabla ya wakati wake, mdogo, rangi yake kama ya jivu lenye maji. Hakulia. Mama Soazig alimfuta kinywa, akamsugua mgongo kwa taulo la meli, akampulizia pumzi, akamsugua tena. Mimi nilikuwa nimelala pale nikisikia bahari ikigonga chuma, na nilikuwa nafikiria jambo moja tu, kwamba maji yamekuja kumchukua na huyu.

Kisha nikamsikia akimsemesha. Si kwa Kiingereza, wala si kwa Kifaransa, maana kwa juma zima hijani nilishaizoea sauti ya Kifaransa. Ilikuwa lugha nyingine, nzito zaidi, na alikuwa anarudia maneno yale yale, mdomo wake karibu kabisa na sikio la mtoto. Nilisikia kitu kama jina la mume wangu. "Deus, Budok. Deus, Budok. Deus."

Nikamuuliza Elinaja, "Amemjuaje Deus?" Elinaja alidhani nimepagawa.

Mama Soazig aliendelea kumwita, na kumsugua, na kumwita. Nami sijui ilichukua muda gani, na sikuwahi kutaka kuuliza. Nilichosikia ni kikohozi kidogo, kama cha paka, na baada yake kilio. Mama wa watu akakaa chini pale pale sakafuni, akamkumbatia mwanangu, miwani imejaa ukungu, akalia naye.

Alipotulia nilimuuliza alikuwa anamwambia nini. Akanieleza kwamba ile ni lugha ya kwao, Kibretoni, lugha aliyolelewa nayo na bibi yake. Neno lile nililodhani ni jina la mume wangu, kwao maana yake ni "njoo". Na Budok ni mtakatifu wa zamani. Bibi yake alikuwa akimsimulia kwamba mama mmoja mjamzito alisingiziwa ubaya na mke wa baba yake, akafungiwa ndani ya pipa, akatupwa baharini. Akajifungulia humo humo ndani ya pipa, juu ya mawimbi, na pipa likaelea hadi ufukoni, mama na mtoto wakiwa wazima. Mtoto yule akaitwa Budok.

"Nilihitaji kumwita kwa jina," aliniambia. "Mtoto asiye na jina unamwitaje arudi? Nikamwita la yule niliyemjua, aliyezaliwa majini akaishi. Nilimjua mmoja tu."

Basi, ndugu zangu, mnaoniuliza tulichagua vipi jina hili la kigeni: hatukulichagua. Aliitwa nalo, akaitika.

Helikopta ilifika baadaye ikatupeleka hospitali moja ya pwani ya kusini, na Deus, aliyekuwa Victoria akingoja basi, alipokea simu ya Elinaja akakimbilia treni. Alimkuta mtoto ndani ya kisanduku cha kioo, mirija puani. Na hapo ndipo jambo la jina lilipoanza kuwa zito, maana mama mkwe wangu Blandina, aliyeko Kamachumu, alikuwa na jina tayari. Mtoto wa kiume alikuwa aitwe Rwegasira, kama marehemu baba mkwe. Nilimpigia simu nikiwa kitandani.

"Budoki ndiyo kitu gani?" aliniuliza.

"Ni jina la mtakatifu, Mama."

"Mtakatifu gani? Nimesali tangu utoto, huyo sijamsikia."

"Wa Brittany, Mama. Alizaliwa baharini kama huyu."

"Huyu wetu ni wa Kamachumu," akasema, akampa simu mtu mwingine.

Deus alikuwa katikati. Alikaa pembeni ya kile kisanduku akisema hawezi kumvunjia mama yake heshima, nami nilikuwa sina nguvu ya kubishana. Nilimweleza tu jinsi ilivyokuwa. Jinsi yule mama alivyokuwa anarudia, "Deus, Budok, Deus," na maana ya neno lile kwao. Deus aliniambia nirudie. Nikarudia. Akauinamisha uso wake kwenye kioo akakaa hivyo kwa muda mrefu. Alipoinuka alisema, "Mwandikishe hilo. Rwegasira litafuata. Mama nitaongea naye mimi." Na aliongea naye, ingawa mama mkwe wangu, Mungu ampe maisha marefu, hajawahi kulitamka lile la kwanza hadi leo. Kwake yeye, anayesafiri Jumatatu ni Rwegasira.

Ningeweza kuishia hapo, na nyinyi mkaenda kwenye pilau mkiwa na furaha. Lakini nimesema nitajibu kwa kirefu.

Budok alipokuwa darasa la tano, mwalimu aliwapa kazi ya kueleza maana za majina yao. Tulikaa kwenye kompyuta, yeye akitafuta, mimi nikikunja nguo nyuma yake. Mahali pamoja tukakuta kwamba jina linatokana na neno la kale lenye maana ya ushindi. Akafurahi, akaandika, akaenda kulala. Mimi nikabaki kusoma zaidi. Nikakuta mahali pengine kwamba watu wa kwao hulisikia ndani yake lile neno lao la kuzama. Mzamaji. Aliyezama.

Hebu fikirieni. Mimi, dada yake Samson, nilikuwa kwa miaka yote hiyo namwita mwanangu asubuhi na jioni, namwita kutoka dirishani akicheza uwanjani, namwita mezani, na kumbe pengine nilikuwa namwita Aliyezama. Kesho yake nilimpigia Mama Soazig. Sikumsalimia vizuri.

"Ulimwita mwanangu kwa kuzama?"

Akasema, "Placida, bibi yangu alikuwa akisema ni aliyeokolewa majini. Wataalamu wanasema ushindi. Na wako wanaosikia kuzama, ni kweli, siwezi kukuficha. Hawajakubaliana."

"Na wewe unasemaje?"

"Mimi nilikuwa nataka apumue."

Lakini hofu haikuondoka. Shule ilipoanza kuwapeleka kwenye bwawa la kuogelea, nilibadilisha zamu zangu za kazi, nikawa nakaa kule juu kwenye viti vya watazamaji, rozari mkononi, nikikihesabu kichwa kimoja tu kati ya vichwa vyote. Akawa mwogeleaji hodari. Kila medali aliyoleta nyumbani, Deus aliipigia makofi, nami niliitundika ukutani huku nikiomba iwe ya mwisho. Na jioni ile alipotuambia mezani kwamba anataka kwenda baharini, kwamba ameshaomba na ameshakubaliwa, Deus alimtazama yeye, na mimi nilimtazama Deus, na chakula kikapoa.

Wapo wanaosema nilipaswa kumkataza. Mwenyekiti, wewe ni mtu wa Pemba, unayajua maji kuliko sisi tuliokulia ziwani. Uliniambia nimwache, na nilikuchukia kwa wiki nzima. Lakini niliona kwamba siwezi kumwacha aende na jina asilolijua. Wiki tatu zilizopita, tukirudi kutoka kununua buti zake za kazi Stratford, tuliketi kwenye basi, nikamweleza. Nilimweleza habari ya Samson tena, kisha nikamwambia lile neno nililokuwa nimelificha.

Alinijibu kwa Kiingereza, kama ilivyo kawaida ya vijana wetu, nami nawatafsiria. "Mama, najua. Nililiona siku ile ile kwenye kompyuta. Niliandika ushindi kwa sababu nilijua ungeogopa."

"Umejua miaka yote hiyo?"

"Ndiyo."

"Na halikuudhi?"

Akasema, "Majina ya wenzangu yanasema wazazi wao walitaka wawe nani. Langu linasema nilipitia nini. Nalipenda."

Hivyo ndivyo alivyosema. Nilidhani maneno hayo yangenitosha, na kwa siku mbili tatu yalinitosha. Lakini mimi ni mama, na kila asubuhi sasa kabla ya kwenda kazini nasikiliza redioni ule utabiri wa hali ya hewa ya baharini, wanataja maeneo ambayo siyajui hata yako wapi, upepo kiasi gani, mawimbi kiasi gani, kana kwamba mwanangu tayari yuko kila mahali wanapotaja.

Jana mchana alikuwa jikoni anapiga pasi mashati yake ya meli. Nilimuuliza swali ambalo sikuwahi kumuuliza. "Unaogopa?"

Nilikuwa nimejiandaa kumsikia akisema hapana, na nilishatayarisha maneno ya kumkemea kijana asiyeogopa maji. Akaweka pasi chini. Akasema, kwa Kiswahili safari hii, "Naogopa, Mama. Sana."

Nilivuta kiti nikakaa. Sikujua kwamba ndilo neno nililokuwa nangoja. Anayeyaogopa maji atayaangalia. Atafunga mkanda wake, atauliza kabla ya kupita, hatajifanya. Hatukusema mengine mengi. Alichukua simu yangu akaniwekea kitu ambacho kinaonyesha meli zote duniani kama alama ndogo kwenye ramani, akaniambia ya kwake itakuwa ya kijani, na kwamba nitaweza kuifuata kila siku.

Kisha akanifundisha jambo moja zaidi. Akaniambia kwamba meli ikifika mbali sana na nchi kavu, ile alama inaweza kupotea kwenye simu, siku moja au hata nne. "Haimaanishi chochote, Mama," akasema. "Ni mitambo tu. Hebu sema."

"Haimaanishi chochote," nikasema.

"Tena."

Nikasema tena. Alinisemesha mpaka akaridhika, kisha akarudi kwenye pasi yake.

Budok Rwegasira, mwanangu, simama watu wakuone. Mimi na baba yako tutakusindikiza hadi langoni, na hapo tutakuacha uende. Mama Soazig, ulimfundisha kuja, na sisi tunakushukuru kwa kila siku tuliyokaa naye.

Na nyinyi ndugu zangu, ninawaomba kitu kimoja. Zitakuja siku ile alama itapotea, nanyi mtanikuta kanisani au sokoni au kwenye basi nikiitazama simu kama mgonjwa. Msiniambie nisiogope, maana nitawaona hamnijui. Kaeni karibu nami tu, mniambie haimaanishi chochote, na mkiona sijaelewa, mniambie tena.

Nimefika mwisho. Chakula kiko tayari, na mmenisikiliza kwa moyo ambao sitausahau. Mungu awabariki.